Bernadette Devlin: Kiti cha Miaka Mitano, Kazi ya Miaka Hamsini

Vijana tunaimbiwa wimbo mmoja kila siku: ukitaka kubadilisha mambo, tafuta kiti. Gombea wadi, gombea ubunge, ingia ndani kwanza ndio usikike. Na ukikosa kiti, basi, habari yako imekwisha. Leo hebu tumuangalie mtu mmoja aliyepata kiti akiwa na miaka 21, akakipoteza akiwa na miaka 26, na bado hadi uzeeni watu wenye shida wakajua mlango wake uko wapi.

Anaitwa Bernadette Devlin. Baada ya kuolewa akaitwa Bernadette McAliskey. Ni mwanamke wa Ireland ya Kaskazini, ile sehemu ya kisiwa cha Ireland iliyobaki chini ya Uingereza nchi ilipogawanywa mwaka 1921. Alizaliwa Cookstown, kaunti ya Tyrone, tarehe 23 Aprili 1947, katika familia ya Kikatoliki ya watoto sita. Baba alikufa Bernadette akiwa bado mtoto mdogo. Mama naye akafariki Bernadette akiwa chuo kikuu na miaka 19. Ikabidi asome huku akisaidia kulea wadogo zake.

Kwa hivyo tunayemzungumzia hapa si mtoto wa tajiri wala wa ukoo wa wanasiasa. Ni yatima wa kijijini.

DHULMA YENYE MUHURI

Ukitaka kumuelewa Bernadette, lazima kwanza uelewe dhulma aliyozaliwa ndani yake. Haikuwa dhulma ya mtu mmoja mbaya. Ilikuwa imeandikwa kwenye karatasi na kupigwa muhuri.

Ireland ya Kaskazini ilitawaliwa na chama kimoja, cha Unionist, kwa miaka 50 mfululizo. Kilikuwa chama cha Waprotestanti waliotaka kubaki na Uingereza. Wakatoliki, ambao walikuwa thuluthi moja hivi ya watu wote, hawakuwahi kushika serikali.

Sasa sikiliza hesabu ilivyochezwa. Katika uchaguzi wa mabaraza ya miji, si kila mtu mzima aliyepiga kura. Alipiga mwenye nyumba au mpangaji wa nyumba nzima, pamoja na mkewe au mumewe. Kijana mzima anayeishi kwa wazazi hana kura. Anayekodi chumba ndani ya nyumba ya mtu hana kura. Lakini mwenye kampuni aliweza kupewa kura za ziada kwa ajili ya kampuni yake.

Na nyumba za umma zilitolewa na nani? Na baraza lilelile la mji. Umeona mtego? Kumpa mtu nyumba ni kumpa kura. Kumnyima nyumba ni kumnyima kura. Kwa hivyo familia ya Kikatoliki ingeweza kukaa miaka ndani ya chumba kimoja na watoto, si kwa sababu nyumba hakuna, ila kwa sababu kuwapa nyumba mahali fulani kungevuruga hesabu ya kura ya wadi ile.

Mji wa Derry ndio ulikuwa aibu kubwa zaidi. Ripoti ya uchunguzi ya serikali yenyewe, iliyotoka mwaka 1969, ilionyesha kwamba wapiga kura Wakatoliki mjini walikuwa 14,429 na wengine 8,781. Je, nani alikuwa na wingi barazani? Wale wachache! Madiwani 12 wa Unionist kwa 8 wa upande wa pili. Mipaka ya wadi ilichorwa kwa hila: Wakatoliki wengi wakasukumwa ndani ya wadi moja kubwa, zile wadi nyingine mbili wakabakiziwa wenzao. Hakuna kura iliyoibwa usiku. Kalamu na ramani zilitosha.

Juu ya hayo kulikuwa na Sheria ya Mamlaka Maalumu ya mwaka 1922. Hiyo iliwapa wakubwa uwezo wa kupekua bila kibali, kupiga marufuku mikutano, na kumuweka mtu kizuizini bila kumfikisha kortini.

WANAFUNZI WAKATOKA

Mwaka 1968 watu wakasema imetosha. Tarehe 24 Agosti wakaandamana kutoka Coalisland hadi Dungannon, na Bernadette alikuwa kati yao. Tarehe 5 Oktoba wakaandamana Derry, polisi wakawavamia na marungu mbele ya kamera ya televisheni. Picha zikazunguka dunia nzima. Siku nne baadaye wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Queen's, Belfast, wakaanzisha kundi lao, People's Democracy. Bernadette, mwanafunzi wa saikolojia, alikuwa mmoja wa sauti zake.

Tarehe 1 Januari 1969 wanafunzi hao wakaanza kutembea kwa miguu kutoka Belfast kwenda Derry. Waliiga matembezi ya watu weusi wa Marekani kutoka Selma hadi Montgomery. Siku ya nne, kwenye daraja la Burntollet, wakavamiwa kwa mawe, chupa, na vigongo vyenye misumari. Kati ya wavamizi walikuwemo polisi wa akiba ambao siku hiyo hawakuwa kazini. Polisi waliokuwa kazini hawakuwakinga vijana wale.

Miezi mitatu baadaye ukafanyika uchaguzi mdogo Mid Ulster, kwa kuwa mbunge wa huko alikuwa amefariki. Vyama vya upande wa Wakatoliki vilikuwa vimezoea kugawanya kura na kushindwa. Safari hii wakakubaliana wamsimamishe mtu mmoja tu, binti huyu wa chuo. Alishindana na mjane wa marehemu mbunge. Tarehe 17 Aprili 1969 akashinda kwa tofauti ya kura 4,211, na zaidi ya asilimia 90 ya waliojiandikisha walijitokeza kupiga kura.

Ebu tusimame hapo kidogo. Asilimia 90! Kwenye uchaguzi mdogo! Watu hawakumchagua kwa kuwa amewapa kitu. Hakuwa na kitu. Walijitokeza kwa sababu kwa mara ya kwanza waliona kura yao inaweza kuhesabika.

Akawa mwanamke mdogo zaidi kuwahi kuchaguliwa Bunge la Uingereza. Rekodi hiyo ilidumu hadi 2015, alipoivunja Mhairi Black wa Scotland. Na kinyume na desturi ya wazalendo wengi wa Ireland ambao hukataa kabisa kuapa Westminster, yeye aliwaambia watu wake wazi kwamba atakwenda kukikalia kiti na kuwasemea. Hotuba yake ya kwanza aliitoa tarehe 22 Aprili, siku moja kabla ya kutimiza miaka 22.

MBUNGE JELA

Agosti ya mwaka huohuo, vita vikazuka mtaa wa Bogside, Derry, kati ya wakaazi na polisi. Siku tatu mtaa ulijaa vitoa machozi. Mheshimiwa hakujificha hotelini. Alikuwa pale pale kwenye vizuizi, akiwapanga watu. Kwa hilo akashtakiwa kuchochea ghasia, akahukumiwa kifungo cha miezi sita. Juni 1970 alichaguliwa tena, na mwezi huohuo akapelekwa jela ya Armagh. Wapiga kura wake walijua fika kwamba hukumu inamsubiri, na wakamchagua vivyo hivyo.

Halafu ikaja tarehe 9 Agosti 1971. Alfajiri wanajeshi wakavunja milango na kukamata watu 342. Hakuna shtaka, hakuna kesi. Mpango huo uliendelea hadi Desemba 1975, na karibu watu 2,000 walipita kizuizini. Walio wengi kabisa walikuwa Wakatoliki. Wengi wa wale wa mwanzo hata hawakuhusika na kundi lolote la silaha, maana orodha za kijasusi zilikuwa za zamani na zimejaa makosa.

Wanaume 14 kati yao walifanyiwa jambo zito zaidi. Walivikwa mifuko vichwani, wakasimamishwa ukutani kwa masaa mengi, wakapigiwa kelele mfululizo, wakanyimwa usingizi na chakula. Na hapa ndugu yangu wa Kenya usipite haraka. Tume ya Uingereza iliyochunguza mbinu hizo iliandika mwaka 1972 kwamba mbinu hizo, zote au baadhi yake, zilikuwa zimetumika kabla katika makoloni mengine, na Kenya ikatajwa. Afisa Frank Kitson, aliyekuja Kenya mwaka 1953 kupambana na Mau Mau, ndiye huyohuyo aliyekuwa akiongoza kikosi cha jeshi Belfast kati ya 1970 na 1972. Dhulma ni fundi anayebeba vifaa vyake. Akimaliza kazi nyumba hii, huenda nyumba ya pili na sanduku lilelile.

KOFI, NA MDOMO ULIOZIBWA

Tarehe 30 Januari 1972 watu wa Derry waliandamana kupinga kuwekwa kizuizini bila kesi. Bernadette alikuwa mmoja wa wazungumzaji. Askari wa miavuli wa Uingereza wakafyatua risasi. Watu 13 walikufa siku ile, na wa 14 akafa baadaye. Sita kati ya waliouawa siku ile walikuwa vijana wa miaka 17.

Siku ya pili yake, Waziri wa Mambo ya Ndani, Reginald Maudling, akasimama bungeni na kusema jeshi lilijibu tu mashambulizi. Bernadette alikuwa ndiye mbunge pekee ndani ya ukumbi ule aliyekuwepo Derry, aliyeyaona mambo kwa macho yake. Akaomba nafasi ya kusema. Spika akamnyima. Akaomba tena. Akanyimwa tena. Basi akavuka ukumbi akamzaba waziri kofi.

Watu wengi hadi leo wanamjua kwa kofi hilo tu. Wengine wanalisherehekea, wengine wanasema alikosa adabu. Mimi naona pande zote mbili zinaangalia mkono na kusahau mdomo. Kosa kubwa la siku ile lilitokea kabla ya kofi, pale shahidi alipokatazwa kutoa ushahidi na aliyekuwa London akaachiwa kueleza yaliyotokea Derry. Alikuwa na kiti, alikuwa na kura za watu wake, alikuwa na cheo cha mheshimiwa, na bado hakusikizwa. Hilo ndilo funzo chungu kwa wanaodhani kuingia ndani peke yake kunatosha.

Jaji wa kwanza aliyechunguza, mwaka huohuo wa 1972, aliwasafisha askari. Familia hazikukubali. Ziliandamana kila mwaka, zikakusanya ushahidi, zikazika wazee wao njiani. Tarehe 15 Juni 2010 ripoti ya pili, ya Jaji Saville, ikasema waliouawa hawakuwa tishio kwa askari, na Waziri Mkuu David Cameron akaomba msamaha bungeni. Miaka 38! Kile ambacho Bernadette alinyimwa nafasi ya kukisema Jumatatu ile, Bunge lilelile likakisema lenyewe baada ya karibu miaka 40. Haki ilichelewa, na isingefika kabisa kama familia zile zingechoka.

UFUNGUO WA NEW YORK

Kuna kisa kingine ambacho mimi nakipenda kuliko cha kofi. Agosti 1969 Bernadette alikwenda Marekani kuchangisha pesa kwa ajili ya waliochomewa nyumba. Wamarekani wenye asili ya Ireland walimpokea kama malkia. Meya wa New York, John Lindsay, akampa ufunguo wa heshima wa mji.

Lakini huko aliona jambo likamkera. Watu walewale waliokuwa wakilia kuhusu haki za Wakatoliki wa Derry, hawakutaka kukaa ukumbi mmoja na watu weusi. Detroit alikataa kupanda jukwaani hadi watu weusi waliozuiliwa mlangoni waruhusiwe kuingia. Na ule ufunguo wa New York? Baadaye alimtuma rafiki yake, Eamonn McCann, aukabidhi kwa Black Panthers wa Harlem.

Fikiria gharama yake. Wale ndio waliokuwa na pesa. Wale ndio waliokuwa na magazeti na urafiki na wakubwa. Angenyamaza kidogo tu, angerudi nyumbani na mfuko mzito. Alichagua kuwaudhi, kwa sababu hakuona vipi mtu adai haki kwa mkono mmoja na kumnyima jirani kwa mkono wa pili.

Hapa ndipo harakati nyingi huanguka. Tunapiga kelele mtu wetu akionewa. Akionewa wa kabila lingine au wa dini nyingine, tunasema hiyo ni siasa yao. Haki inayojua jina la ukoo kabla ya kusimama, hiyo imekuwa ni zamu ya kula tu.

BAADA YA KITI

Mwaka 1971 alijifungua mtoto kabla ya kuolewa, na hilo likamgharimu kwa wapiga kura wake, watu washika dini. Februari 1974 kura za upande wake zikagawanyika tena, akapoteza kiti. Mwaka 1979 aligombea Bunge la Ulaya, akashindwa. Mwaka 1982 akagombea mara mbili Dublin, akashindwa mara zote mbili. Mwaka 1974 alikuwa amesaidia kuanzisha chama kipya, IRSP, lakini mwaka uliofuata akatoka na wenzake, kwa sababu wenye silaha hawakutaka kuwa chini ya uamuzi wa chama.

Wakati wafungwa wa jela ya Maze walipokuwa wakidai hadhi ya wafungwa wa kisiasa, yeye alikuwa msemaji wa kampeni ya kuwatetea. Tarehe 16 Januari 1981, asubuhi mapema, wanamgambo wa upande wa Kiprotestanti walivunja mlango wa nyumba yake karibu na Coalisland, wakampiga risasi yeye na mumewe, watoto wakiwa ndani. Askari wa Uingereza walikuwa karibu na nyumba wakiilinda kwa siri. Waliwakamata wauaji wakitoka. Kuwazuia wasiingie hawakuwazuia. Mume na mke wote walipona, japo kwa majeraha makubwa.

Mtu angeweza kusema: inatosha, nimefanya yangu. Yeye alirudi kazini. Mwaka 1997 akasaidia kuanzisha shirika la kijamii la STEP kule Dungannon, kulekule alikoandamana mara ya kwanza mwaka 1968. Wakati huo mji ulianza kujaa wageni: Wareno, Walithuania, watu wa Timor ya Mashariki, waliokuja kufanya kazi viwanda vya nyama na kuku. Walikodishwa nyumba mbovu, mishahara ikakatwa, hawakujua lugha wala sheria. Bernadette akawa anashughulikia fomu zao, mikataba yao ya kazi, vibali vyao, mizozo yao na wenye nyumba.

Hakuna kamera kwenye kazi kama hiyo. Hakuna anayepewa ufunguo wa mji kwa kujaza fomu ya mtu. Lakini angalia mduara ulivyozunguka: binti aliyeingia barabarani kwa sababu familia za Kikatoliki zilinyimwa nyumba Dungannon, uzeeni alikuwa Dungannon akipigania nyumba ya mgeni ambaye hata si wa taifa lake.

TUSIMFANYE MALAIKA

Wapo Waireland wasiomkubali mpaka leo. Waprotestanti wengi wanamuona aliwatetea watu wenye damu mikononi. Hata baadhi ya wenzake walimlaumu alipopinga mkataba wa amani wa 1998, mkataba ambao mimi naamini uliokoa maisha ya watu wengi. Katika hilo sikubaliani naye. Na mwaka 2003 Marekani, nchi iliyompa ufunguo, ilimrudisha kutoka uwanja wa ndege wa Chicago ikidai yeye ni tishio la usalama. Mwanamke wa miaka 55! Majina yakishaingia kwenye orodha hizi, ni nani anayejua yanatokaje?

Lakini kumchukua mtu funzo si lazima umkubalie kila neno. Funzo lake kwangu ni hili. Kiti ni chombo kama jembe. Ukikipata, kitumie. Ukikikosa, shamba bado liko palepale, na kuna kazi ya mikono tupu: kusoma ramani ya wadi kabla haijapitishwa, kuhudhuria vikao vya baraza, kumsindikiza mama asiyejua kusoma kwenye ofisi ya serikali, kuandika tarehe na saa na jina la kila aliyekamatwa, kukaa na familia yake mwaka wa pili na wa tatu wakati wengine washasahau.

Kijana unayesoma hapa, pengine hutawahi kuitwa mheshimiwa. Hilo halikupi ruhusa ya kukaa. Bernadette aliitwa mheshimiwa miaka mitano tu. Miaka mingine yote aliitwa kwa jina lake, na mwenye shida alijua wapi pa kumpata.